Faiba ya Mabweni: Tulipie Ganda, Kona na Ncha

Wiki ya kusajili kozi semista iliyopita, ghorofa ya 3 ya bweni letu haikuwa na intaneti. Wenye bando walijisajili kwa bando. Wasiokuwa nalo walibeba laptopu zao saa tano usiku, wakaenda kukaa kwenye vimbweta vya nje ya maktaba ambako mtandao wa chuo unashika, wakaliwa na mbu mpaka usiku wa manane. Jirani yangu wa chumba cha pili aliikosa kozi ya hiari aliyoitaka, kwa sababu nafasi zilijaa kabla ukurasa haujamfungukia. Tulikaa hivyo siku 19. Na hii ni faiba mpya jamani, haijatimiza hata mwaka.

Sasa tangazo limebandikwa tena. Serikali yetu ya wanafunzi inataka kuvuta faiba kwenye mabweni matatu yaliyobaki. Kila mkazi atachanga shilingi 20,000, na kinachobaki kitatoka kwenye mfuko wa serikali ya wanafunzi. Mimi nitatoa mchango wangu, na nawaomba na ninyi mtoe. Kero yangu ni namna tulivyochagua mara ya kwanza, maana naona tunaelekea kuchagua vilevile. Tuliweka karatasi mbili za bei mezani, tukatazama tarakimu ya chini kabisa, tukachukua ndogo. Ndani ya ile tarakimu kulikuwa na nini, hakuna aliyeuliza. Mimi pia sikuuliza, na nasoma uhandisi wa mawasiliano mwaka wa 3. Kwa hiyo lawama hii naanza kuibeba mwenyewe.

Likizo iliyofuata nilifanya fildi na mafundi wanaovuta faiba kwenye majengo ya ofisi Dar es Salaam. Siku ya pili tu, fundi mkuu alinikuta navuta kebo kwa nguvu kwenye pembe ya ukuta. Akaniambia, "Dogo, faiba haifii njiani. Inafia kwenye kona na kwenye ncha." Niliporudi chuoni nikachukua tochi ya simu, nikapanda ngazi za bweni letu kuanzia chini hadi juu, nikiisoma kebo kama mtu anayesoma kitabu. Niliyoyaona ndiyo yaliyonifanya niandike.

Tuanze na umbali, kwa sababu ndipo wengi wetu tunapodanganyika. Mwaka 2009 mkongo wa SEACOM ulitua Dar es Salaam, na mwaka 2010 ukafuata wa EASSy. Mikongo ile inapita chini ya bahari kilomita maelfu, halafu mkongo wa taifa unachukua mzigo na kuusambaza mikoani. Huko kila kilomita inahesabiwa. Uzi wa singo-modi, ule wenye kiini cha takribani maikromita 9, hupoteza kama desibeli 0.35 kwa kilomita kwenye mwanga wa nanomita 1310. Ukiwa unavuka bahari, hiyo ni hesabu ya kukunyima usingizi.

Sasa njoo kwenye bweni letu. Kutoka kabati la chini hadi ghorofa ya juu, pamoja na mizunguko yote, ni mita 60. Piga hesabu: desibeli 0.021. Yaani karibu na sifuri. Spilita moja ya kugawa mwanga mara 16 inakula peke yake desibeli kati ya 13 na 14, na konekta moja mbovu inaweza kula nusu desibeli au zaidi. Kwa hiyo mtu akikuuzia kebo ya ndani ya jengo kwa bei ya juu akisema "hii inapoteza mwanga kidogo sana", mshukuru umwambie unaenda kufikiria. Ndani ya jengo hatulipii umbali. Tunalipia vitu vitatu: ganda, kona na ncha.

Ganda kwanza, kwa sababu linahusu uhai wetu.

Kebo iliyopanda kwenye ngazi zetu ni nyeusi, nene, na imeandikwa GYXTW. Herufi hizo si urembo. Kebo nyingi zinazouzwa kwetu zinatoka China na hufuata majina ya huko. Zinazoanza na GY zimetengenezwa kwa ajili ya nje ya jengo, zinazoanza na GJ kwa ajili ya ndani. Hii GYXTW ina bomba moja katikati lenye nyuzi ndani ya mafuta mazito ya kuzuia maji, utepe wa chuma wa kuizungushia, nyaya mbili za chuma ubavuni, na ganda la polithini nyeusi. Kwa kazi yake ni kebo nzuri mno. Jua la Dodoma hailiogopi, mvua ya masika hailiogopi, panya anaitafuna mpaka anachoka.

Lakini ndani ya ngazi za bweni hakuna jua wala masika. Kuna watu. Polithini inashika moto na kuupeleka mbele, na yale mafuta ya ndani nayo yanawaka. Kebo imepanda ghorofa zote nne kwenye ngazi ambazo ndiyo njia yetu pekee ya kutokea. Na ule utepe wa chuma unatakiwa kuunganishwa na ardhi pale kebo inapoingia jengoni, ili radi ikipiga nje isipande nayo mpaka kwenye vifaa. Nimetafuta waya wa ardhi pale chini. Haupo.

Kanuni za umeme za Marekani zinaruhusu kebo ya nje isiyo na cheti cha moto iingie ndani ya jengo kwa futi 50 tu, kama mita 15, halafu lazima iishie au ibadilishwe. Ulaya, tangu mwaka 2017, kebo za kufunga moja kwa moja kwenye majengo lazima zitangaze daraja lake la kuhimili moto. Wenzetu hawakuweka masharti hayo kwa kupenda karatasi. Kwenye moto wa jengo, moshi mara nyingi unamuwahi mtu kabla ya moto wenyewe. Nchi hii inaikumbuka Shauritanga, Kilimanjaro, mwaka 1994, wasichana wa shule walivyofia bwenini usiku. Sisemi moto ule ulihusu nyaya za mtandao. Nasema bweni ni mahali watu wamelala, wamebanana, na mlango wa kutokea ni uleule mmoja. Chochote unachokipitisha kwenye ngazi hizo kiulizwe kwanza: kikiwaka, kinatoa nini?

PVC ya kawaida ikiungua hutoa moshi mzito mweusi na gesi ya haidrojeni kloraidi, ambayo ikikutana na unyevu wa macho na mapafu inakuwa asidi. Ganda lililoandikwa LSZH halina kloraini wala ndugu zake, na moshi wake ni mchache. Nalo linaungua, tusidanganyane, ila linakupa nafasi ya kuona ngazi na kuvuta pumzi ukiwa unashuka. Kwenye yale majina ya Kichina, herufi ya mwisho mara nyingi inakwambia: H ni LSZH, V ni PVC, Y ni polithini. Kebo ya vyumbani iliyoandikwa GJXFH, kwa mfano, ni ya ndani na ganda lake ni LSZH.

Tahadhari mbili hapa. Rangi si ushahidi. Zipo kebo nyeusi za LSZH, na zipo nyeupe nzuri kwa macho ambazo ni PVC tupu. Soma maandishi, usisome rangi. Na kebo za vyumba vyetu, zile nyembamba zinazoingia mlangoni, hazina maandishi yoyote toka mwanzo hadi mwisho. Kebo isiyosema inaitwa nani ni kama dawa isiyo na lebo. Huiweki mdomoni.

Tahadhari ya pili inahusu kupigwa kwa upande wa juu. Mkiona OFNP kwenye orodha ya bei, mjue hiyo ndiyo ya ghali kuliko zote, na imetengenezwa kwa nafasi za dari zinazopitisha hewa ya viyoyozi vya jengo zima. Bweni letu halina hata kiyoyozi kimoja. Tunalala madirisha wazi. Kununua salama hakumaanishi kununua cha bei ya juu.

Hapohapo niseme na kuhusu aina ya uzi. Nasikia mmoja wa walioleta bei mpya anapendekeza OM4, ile ya malti-modi yenye ganda la rangi ya bahari au zambarau, akisema ndiyo "ya kisasa". OM4 si mbaya. Kiini chake ni maikromita 50, na inabeba gigabiti 10 kwa sekunde mpaka mita 400. Kwenye vyumba vya seva ina kazi yake. Lakini mfumo wetu wa mabweni ni GPON, na GPON imejengwa juu ya singo-modi. Ukitandaza OM4 umenunua kebo ya bei kubwa zaidi ambayo mitambo tuliyonayo haiwezi kuitumia inavyotakiwa, halafu baada ya miaka michache kasi zikipanda unaanza kuuliza umbali upya. Singo-modi, ile ya OS2 yenye ganda la njano kwa kawaida, inabadilishiwa mitambo ya pembeni na yenyewe inabaki ukutani. Kwetu sisi jibu ni moja: singo-modi.

Sasa kona. Faiba hubeba mwanga kwa kuuzuia usitoke pembeni. Ukiikunja kupita kiasi, mwanga unavuja kwenye mkunjo, na kadiri wimbi la mwanga linavyokuwa refu ndivyo uvujaji unavyokuwa mkubwa zaidi. GPON inashusha data kwetu kwa nanomita 1490 na kupandisha kwa 1310, kwa hiyo kona mbaya inaumiza kwanza kile tunachopakua. Uzi wa kawaida wa G.652.D unataka kona yenye nusu kipenyo cha milimita 30. Yaani mduara wa sentimita 6, kama mdomo wa kikombe cha chai. Ndani ya bweni, nani ana nafasi ya kukunja waya kama mdomo wa kikombe kila unapokutana na fremu ya mlango? Ndiyo maana kuna G.657. Daraja la A1 linavumilia milimita 10, na A2 linavumilia milimita 7.5, mduara wa unene wa kidole. Na linaungana vizuri na uzi ule wa kawaida uliotoka nje, hakuna ugomvi.

Kwenye ngazi zetu, kebo imepigiwa misumari kwenye pembe ya ukuta kwa kona ya tisini kamili. Kwenye ghorofa ya 3 inapita nyuma ya mlango wa chuma, na bawaba ya mlango ule inaikanyaga kila ukifunguliwa. Kwa siku mlango ule unafunguliwa mara ngapi? Pale ndipo uzi wetu ulipokatikia. Wala si mkonga wa ajabu, ni bawaba.

Na hapa ndipo inapouma. Kebo ile ina nyuzi 12. Zinazofanya kazi ni 4, moja kwa kila ghorofa. Nyuzi 8 zimekaa bure. Kebo yenyewe ilikuwa na dawa ndani yake: kuhamishia ghorofa ya 3 kwenye uzi mwingine ambao haujakatika, kazi ya saa chache. Haikuwezekana, kwa sababu nyuzi za akiba hazikufungwa ncha, hakuna lebo, na hakuna mchoro wa nani anakwenda wapi. Aliyetandaza akasema tatizo ni la mtoa huduma. Mtoa huduma akasema tatizo ni la aliyetandaza. Hakukuwa na karatasi ya vipimo vya siku ya makabidhiano, kwa hiyo hakuna aliyeweza kumsuta mwenzake. Siku 19 nyingi ziliishia kwenye mabishano hayo.

Hiyo inatuleta kwenye ncha. Kiini cha uzi ni maikromita 9, na unywele wa mtu ni mnene kuliko hapo mara kadhaa. Chembe moja ya vumbi ikikaa katikati ya konekta, umeweka jiwe mlangoni. Konekta za kijani, za APC, zimekatwa kwa mshazari wa digrii 8. Za bluu, za UPC, hazina mshazari huo. Zinaingiana, ndiyo shida yenyewe, kwa sababu zikiingiana hazigusani vizuri na mwanga unapotea. Nimekuta vyumba viwili kwenye ghorofa yetu bluu imechomekwa kwenye kijani. Wakazi wake walikuwa wanalaumu rauta mwaka mzima. Na tafadhali, usichungulie ncha ya faiba kuona kama "inawaka". Mwanga wake hauonekani kwa jicho, na jicho halina spea.

Ncha hupimwa kwa mita ya kupimia mwanga. Kwenye GPON ya daraja B+, kifaa cha chumbani kinatakiwa kupokea mwanga kati ya -8 na -27 dBm. Chumba kikisoma -26, leo kitafanya kazi, na fundi ataondoka na hela yake. Kesho kutwa vumbi kidogo tu, kimya. Kwa hiyo haitoshi kusema "inafanya kazi". Nataka kuona namba ya kila chumba, imeandikwa, imesainiwa.

Haya, tuzungumze hela, maana najua kuna mtu ameshaanza kusema "yote mazuri, lakini wanazuo hawana pesa."

Nimezipata zile proforma mbili za bweni letu. Moja niite ya kwanza, tuliyoichagua: jumla shilingi 11,900,000 pamoja na VAT. Ya pili: shilingi 12,900,000. Tofauti ni milioni moja, na kwa jina la milioni moja tukapiga makofi. Bei nitakazotaja ni za karatasi hizo. Msizichukue kama bei ya soko la leo, nendeni mkaulize.

Bweni lina vyumba 64, wakazi 256. Kebo ya ngazini ni mita 60, na kebo za vyumbani jumla mita 1,600. Proforma ya kwanza iliandika kebo ya ngazini shilingi 1,200 kwa mita na ya vyumbani shilingi 150. Jumla shilingi 312,000. Ya pili iliandika kebo ya ndani ya LSZH, nyuzi 12, shilingi 2,500 kwa mita, na GJXFH ya uzi wa G.657.A2 shilingi 350 kwa mita. Jumla shilingi 710,000. Tofauti ni 398,000. Weka VAT ya asilimia 18, inakuwa shilingi 469,640. Gawanya kwa wakazi 256.

Shilingi 1,835 kwa kichwa.

Hiyo ndiyo bei ya ganda ambalo halitufukizii asidi na kona ambayo haivuji. Ukienda kwa mama lishe wa getini na hela hiyo, unapata wali maharage, na sidhani kama samaki yumo. Tena tunailipa mara moja kwa kitu kitakachokaa ukutani miaka mingi baada yetu.

Tofauti iliyobaki, shilingi 530,360, ndiyo ya ncha: kufunga nyuzi za akiba, kupima kila chumba, kuweka lebo, na kuacha mchoro. Ukijumlisha yote, milioni ile tuliyojivunia ni kama shilingi 3,900 kwa kila mkazi. Na matengenezo ya ghorofa ya 3 peke yake yametugharimu shilingi 850,000 kutoka mfuko uleule. Kwa hiyo tumeokoa shilingi 150,000, tukalipa siku 19.

Angalia tena zile jumla. Kwenye proforma ya kwanza, kebo zote pamoja na VAT ni kama asilimia 3 ya gharama. Kwenye ya pili ni asilimia 6 na nusu. Hela kubwa iko kwenye mitambo, mifereji ya plastiki na ufundi. Maana yake, anayetaka kushusha bei kwa kubana kebo anabana mahali padogo kuliko pote na penye madhara makubwa kuliko pote. Ukitaka punguzo, kaa na muuzaji mjadili vifaa vya vyumbani, maana hapo unanunua 64 kwa mpigo. Ganda usilijadili.

Zipo hoja za upande wa pili, na nyingine zina uzito.

Wapo wanaosema, kwa nini faiba mpaka chumbani, si tuweke Wi-Fi kwenye korido tumalize? Wi-Fi nayo ina waya nyuma yake, na kuta zetu za zege zinaimeza. Lakini nakubali kwamba kwa bweni dogo, faiba ya ngazini pamoja na waya wa kopa kwenye kila ghorofa inaweza kutosha. Waya wa kopa unafika mita 100 bila shida, na unabeba umeme wa kuwasha kifaa. Hilo lijadiliwe kwa hesabu. Hata hapo, kebo inayopanda ngazini ni ileile, na swali la ganda ni lilelile.

Wapo wanaosema tuwaachie wataalamu. Naheshimu wataalamu, nataka kuwa mmoja wao. Lakini mtaalamu aliyeleta GYXTW kwenye ngazi zetu hakuwa mjinga. Alipewa swali moja, "bei yako ya chini ni ipi?", na akalijibu. Sisi ndio tuliouliza vibaya. Sina ushahidi kwamba mtu alikula cha juu, na simtuhumu mtu. Uzembe wa kutouliza unatosha kuleta hasara bila mwizi.

Na wapo watakaosema bweni la kwanza tayari limekwisha, tutazame mbele. Hapana. Kebo ile ya ngazini itolewe, iishie pale inapoingia jengoni, iunganishwe na ardhi, na kutoka hapo ipande ya ndani. Ni mita 60. Kwa bei ya ile proforma ya pili ni shilingi 150,000 kabla ya VAT na ufundi. Tusiwaache wenzetu 256 wamelala juu ya kosa tunalolijua.

Mheshimiwa Waziri wa Mawasiliano wa serikali yetu ya wanafunzi, naamini utausoma ukurasa huu. Sikuombi ujue faiba kuliko mafundi. Nakuomba, kabla ya kusaini, proforma zote zibandikwe ubaoni zikiwa zimechambuliwa mstari kwa mstari, si jumla tu. Kila mstari wa kebo useme jina lililochapwa kwenye ganda, aina ya uzi, idadi ya nyuzi na bei kwa mita. Mkataba useme ganda ni LSZH kwa kila kebo ya ndani, uzi wa vyumbani ni G.657.A2, na nyuzi za akiba zimefungwa ncha. Na malipo ya mwisho, tuseme robo, yabaki mkononi mpaka ziletwe karatasi mbili: vipimo vya kila chumba na mchoro wa nyuzi zote. Fundi mzuri hatakataa. Wale niliofanya nao fildi walikuwa wanakabidhi karatasi hizo hata mteja asipoziomba, kwa sababu zinawalinda na wao.

Na wewe mwanachuo mwenzangu, leo jioni ukipanda ngazi, washa tochi ya simu usome maandishi ya kebo iliyo juu ya kichwa chako. Yaandike. Kwenye baraza la wakazi, kabla hujatoa ile 20,000, simama useme umesoma nini, halafu uulize safari hii itaandikwaje.